Ongdup Simick, Mpishi wa Msafara Aliyeionea Wivu Helikopta

Wewe ukibebwa kwa kapu wakati mwenzako alibebwa kwa helikopta, hutaona wivu? Mama amenisihi nisiutaje wivu wa kaka yake mbele ya jeneza. Nautaja, maana ndio uliomfanya apiganie wengine.

Mjomba Ongdup alizaliwa tarehe 3 Machi 1976 hapa Yuksom, chini ya milima ya Himalaya, mtoto wa mkulima wa iliki. Alisoma shule ya misheni hadi darasa la nane, iliki ikaugua na karo ikakosekana.

Mwaka 1994 alianza kubeba mafuta ya taa ya wapanda milima, baadaye akawa mpishi. Aliamka wa kwanza na kulala wa mwisho, chini, kwenye hema la jikoni. Safari ikiisha, bahasha nono ya bakshishi ilikwenda kwa kiongozi, Kessang, rafiki yake wa utotoni. Mpishi alipigiwa makofi.

“Makofi hayakaangiki,” alisema.

Mwaka 2001 alimwoa Nimkit. Kessang alifika kanisani na koti jipya alilopewa na mgeni. Bwana harusi akamnong’oneza bibi harusi: “Hata leo kanizidi?”

Mwaka jana Kessang aliugua mlimani. Helikopta ikamfuata, kwa kuwa kampuni humkatia bima kiongozi peke yake. Mjomba alinuna wiki nzima. Kisha alipita nyumba kwa nyumba, akawakusanya wapishi, wapagazi na wachunga dzo, wale ng’ombe chotara wa mizigo, wadai ujira wa haki na bima kwa wote. Kessang peke yake alikataa.

“Nikidai, kaka, watamchukua mwingine.”

“Basi kaa na helikopta yako.”

Hawakusemezana tena hadi tarehe 16 Oktoba mwaka huu, kidonda cha tumbo cha mjomba kilipopasuka kambini. Kampuni ilijibu kwa redio kwamba mpishi hana bima. Kessang akamtia kapuni, akavuta ukanda kwenye paji la uso, akateremka naye. Nilikuwa nyuma yao, nikifanya kazi ya likizo ya chuo.

“Polepole, bwana helikopta. Unanimwaga.”

“Nyamaza, mzito wewe! Umemaliza chakula cha wageni.”

“Wivu huo.”

Alifariki jioni ya tarehe 17, hospitali ikiwa bado mbali.

Ameacha mjane wake Nimkit, mabinti wawili, mama yangu, na mimi niliyeurithi wivu wake: kila helikopta ikipita juu ya bonde hili, nauliza imembeba nani. Mungu amlaze mahali tambarare, pakavu.

Asubuhi iliyofuata kifo chake nilimwona Kessang barabarani. Wageni wapya walikuwa tayari, dzo wamefungwa mizigo. Akaanza kufungua kamba, mifuko ikaanguka matopeni.

“Umerukwa na akili?” mwenye kampuni akafoka. “Bima si unayo?”

“Wape na hawa, bosi. La sivyo, hatupandi.”

Wapagazi wakaja kumsaidia. Dzo wa kwanza kufunguliwa akaingia kwenye bustani ya jirani, akala kabichi, na hakuna aliyemfukuza.