Mgeni Aliyecheka Kabla ya Tafsiri

"Amecheka, shemeji! Nimemwona kwa macho yangu mwenyewe."

"Amekohoa."

"Mtu akikohoa haonyeshi jino la dhahabu. Nimesimulia kile kisa cha mganga na nyati wake, kwa Kikhmer, na huyu mama akacheka kabla wewe hujamfasiria hata neno moja."

"Chhoeun, washa pikipiki. Jua linatuua."

"Anatusikia, nakwambia!"

"Na mimi nakwambia washa pikipiki."

Wasikilizaji wapendwa, hao ni wanaume wawili waliokuwa wakigombana mbele ya lango la hekalu la Ta Prohm, miaka tisa iliyopita. Mmoja ni Chhoeun, dereva wa tuktuk, kile kigari cha abiria kinachovutwa na pikipiki. Mwingine ndiye tunayemkumbuka leo. Prum Sarith, mwongoza watalii. Mume wa Ravy, dada yake Chhoeun. Baba wa Leakhena. Alifariki Alhamisi iliyopita, nyumbani kwake, kijijini kando ya bwawa la Srah Srang. Mapafu yalikuwa yamemchosha kwa muda mrefu. Alikuwa na miaka sitini na sita.

Sarith alizaliwa kijiji hichohicho. Baba yake alikuwa mgema, akipika sukari ya mtende. Sarith mwenyewe alipokuwa kijana alibeba mawe kwa mafundi waliokuwa wakijenga upya kuta zilizoanguka. Hapo alijifunza kugonga jiwe kwa kifundo cha kidole na kusema: hili la kale, hili la juzi. Hapo pia alijifunza Kiingereza, kwa kuwasikiliza mafundi wa kigeni wakitukanana. Baadaye akapata leseni na shati la kazi, na hilo shati alilipiga pasi mwenyewe hadi mwisho. Hakumwamini mtu mwingine amshikie pasi.

Kwa mambo mengi hakumwamini mtu. Sarith alikuwa mtu wa kushuku, wasikilizaji, na familia yake haifichi. Sokoni alifunua shavu la kila samaki. Mgeni akitoka kwenye hekalu na mfuko mzito kuliko alivyoingia nao, Sarith aliuomba aubebe yeye, kwa adabu, ili aupime mkononi. Mjane wake, mama Ravy, alituambia: "Siku ya harusi yetu alimwuliza mtawa kama ana hakika tarehe ni nzuri. Mtawa akasema ndiyo. Akamwuliza tena."

Sasa mtu kama huyo akapata mgeni.

Alikuwa mama wa makamo, peke yake, kofia pana, miwani ya jua. Alijiita Bi Lin. Alisema ni Mchina wa Malaysia na hajui Kikhmer. Alimtaka Sarith kwa jina, si mwongozaji mwingine yeyote, kwa siku nne mfululizo. Hilo peke yake lilimkera Sarith. Nani amempa jina langu?

Halafu hakupiga picha. Mtu anatoka mbali hivyo, anasimama mbele ya hekalu la Bayon, nyuso zote zile za mawe zinamtazama, na simu iko mkobani! Badala yake aliuliza maswali. Una watoto wangapi? Unakunywa pombe? Huyu dereva ni ndugu yako? Mkeo anapika vizuri?

"Huyu ni mnunuzi wa sanamu za wizi," Sarith alimwambia Chhoeun kwa Kikhmer, huku akimtabasamia mgeni. "Anapima kama sisi ni watu wa kununulika."

"Au ametumwa na ofisi ya waongozaji. Anakagua leseni."

"Basi kaa wima na ufunge vifungo."

Wasikilizaji wapendwa, Sarith hakujua, lakini ninyi nitawaambia sasa hivi, maana sipendi kumweka mtu gizani. Huyo mama hakuwa mnunuzi. Hakutumwa na ofisi. Hakuwa Bi Lin wala hakuwa wa Malaysia. Jina lake ni Phalla. Ni Mkhmer kama mimi na wewe, aliyekwenda Australia akiwa msichana. Na mwanawe wa kiume, Visal, alikuwa amemposa Leakhena, binti ya Sarith.

Posa ilikuwa imeletwa na mshenga, na matunda, na heshima zote. Lakini jibu la mwisho lilimngoja mama wa kijana. Yeye akatuma ujumbe kwamba atakuja baada ya mwaka mpya, aione familia, ndipo aseme ndiyo au hapana. Leakhena alishakataa wachumba wawili. Huyu alimtaka. Nyumba nzima ilikuwa ikimsubiri mama Phalla kama mvua.

Na mama Phalla alikuwa ameshafika. Alikuwa kwenye tuktuk, kiti cha nyuma. Na alielewa kila neno.

Sasa sikilizeni aliyoyasikia.

Siku ya kwanza, kwenye ngazi za Bayon, walisimama mbele ya simba wa mawe. Sarith alimweleza mgeni kwa Kiingereza safi kwamba simba hawa waliwekwa kulinda lango. Kisha akamgeukia Chhoeun, kwa Kikhmer, sauti ileile ya upole: "Nahisi huyo mkwe wetu wa Australia, mama yake Visal, ana sura kama hii."

"Usimsingizie simba," Chhoeun akajibu. "Simba angeleta zawadi."

"Atoe wapi? Alituma mshenga na ndizi zimeiva hadi zinatembea. Bahili yule. Anakaa huko, anatuangalia kwa darubini."

Mgeni akauliza kwa Kiingereza wanasema nini. Sarith akasema: "Dereva anasema kutakuwa na joto kesho."

Siku ya pili ndiyo ile ya Ta Prohm, ndiyo ya ugomvi mlioanza nao. Chhoeun aliapa kwamba mgeni amecheka. Sarith akakataa. Hebu fikirini. Mtu aliyeshuku samaki, mtawa na pasi, safari hii akakataa kushuku. Alishashika lake, kwamba huyu ni mnunuzi, na hakutaka kuachia.

Mchana huo waligombana tena. Chhoeun alitaka wapitie duka la hariri ambalo humtunza dereva anayeleta mteja.

"Dakika kumi tu, shemeji. Kila mtu hufanya hivyo."

"Huyu mama ametembea tangu asubuhi. Hukumwona anavyoshika goti? Mpeleke kivulini anywe maji ya mtende."

"Si umesema ni mwizi?"

"Mwizi naye ana goti."

Mama Phalla alituambia wiki hii, kwa simu, sauti ikikatika: "Nilikuwa natazama nje ili wasione uso wangu. Nilikasirika kwa lile la simba, sitadanganya. Nilitaka kushuka nirudi uwanja wa ndege. Halafu akasema lile la goti. Ikabidi nibaki nisikie zaidi."

Siku ya tatu walikwenda hekalu la Preah Khan. Ndani kabisa, mahali mwanga unapoingia kwa tundu la juu, palikuwa na mtawa bibi mzee, kichwa kimenyolewa, akitunza sanamu ya Buddha. Wageni hupewa ubani, wanachomeka, wanaondoka. Siku hiyo bibi alikuwa na matumba ya maua ya yungiyungi. Akampa mgeni moja. Mgeni akalipokea, na huku macho yake yako kwenye sanamu, vidole vikaanza kazi. Petali ya kwanza ikakunjwa ndani. Ya pili. Ya tatu. Haraka, bila kutazama, kama tunavyofanya sisi wote tuliokaa kwenye mikeka ya pagoda tangu utoto.

Sarith alikuwa akieleza habari ya mfalme. Akanyamaza katikati ya sentensi.

Mchina wa Malaysia? Na mikono hiyo?

Akamalizia habari ya mfalme. Alimrudisha mgeni hotelini, akamtakia mapumziko mema, akaenda nyumbani. Alipoketi mezani hakugusa wali.

"Mama Leakhena," alimwambia mkewe, "yule mgeni ni Mkhmer. Ametudanganya siku tatu."

Ravy alikuwa akimenya embe bichi. "Kwa nini Mkhmer amlipe mwongozaji amweleze kwa Kiingereza?"

"Ndiyo najiuliza. Nani ana haja ya kutuchunguza?"

Kisu kikasimama. Ravy ni mwanamke anayefika mapema kuliko mumewe, na hapo alifika. "Baba Leakhena. Ana umri gani?"

"Kama wewe."

"Ameuliza habari zangu?"

"Kama unapika vizuri."

"Na wewe umesema nini mbele yake? Kwa Kikhmer. Kuhusu mkwe."

Sarith akatazama wali wake. Akasema habari ya simba. Akasema habari ya ndizi. Akasema habari ya darubini. Leakhena alikuwa jikoni. Alitusimulia: "Nilisikia mama akisema, 'Umemuua mtoto wangu.' Nikatoka mbio, nikadhani kuna msiba. Baba alikuwa ameinama kama mtu anayetafuta kitu chini ya meza."

Ravy hakupoteza muda. Kesho ni siku ya mwisho, akasema. Kesho hamjui kitu. Kesho mtamsifu huyo mkwe kwa Kikhmer, kwa sauti, mbele yake. Atasikia. Ataamini, maana hajui kwamba mnajua. Chhoeun akaitwa, akafundishwa maneno, akayarudia.

Sarith akauliza, "Na mimi niseme nini?"

"Sema chochote kizuri. Mara moja tu katika maisha yako."

Leakhena hakumwomba baba yake kitu. Alikaa tu karibu naye, akamwekea samaki kwenye wali. Sarith akajua anaombwa.

Wasikilizaji wapendwa, kabla sijawapeleka siku ya nne, nitoe salamu. Kwa mama Ravy, pole sana. Kwa Leakhena na mumewe, poleni. Kwa wajukuu, ambao babu aliwafundisha kugonga ukuta wa shule kujua kama fundi amedanganya kwenye saruji, poleni, na endeleeni kugonga. Kwa Chhoeun, aliyefanya naye kazi miaka yote na kugombana naye miaka yote, pole. Kwa waongozaji wenzake wa mahekalu yetu, poleni. Ibada ya siku ya saba ni kesho asubuhi, pagoda ya kijijini, na kila mtu anakaribishwa.

Na tafakari, nayo iwe ya kufanyia kazi. Fikiria mtu mmoja unayemchunguza kwa mbali. Mke wa mwanao. Jirani. Mpangaji. Unauliza watu, unapekua, unaunganisha. Je, umewahi kumwuliza yeye mwenyewe? Na wewe unayechunguzwa: ungejua leo kwamba unasikika, ungebadilisha maneno?

Mmeshaelewa kwamba Leakhena aliolewa. Nimesema mumewe, nimesema wajukuu. Lakini jinsi ilivyoamuliwa ndiyo familia imeniomba nimalizie nayo, badala ya kumalizia na kitanda alichofia.

Siku ya nne. Kwa kawaida Sarith aliweka Angkor Wat mwisho, alasiri, umati ukishapungua. Njiani Chhoeun alianza kazi yake. Alipiga kelele kushinda injini.

"Shemeji! Nasikia mama yake Visal ni mwanamke wa heshima kubwa sana!"

Sarith, nyuma yake kwenye pikipiki, akatazama barabara.

"Nasikia ana huruma! Nasikia ndizi alizotuma zilikuwa tamu kupita kiasi!"

Kwenye kiti cha nyuma mama Phalla aliacha kutazama nje. Kwa siku tatu alisikia watu wakiongea. Leo alisikia mtu akikariri. Uso wake ukajifunga. Sarith aliuona kwenye kioo, na alijua maana ya uso huo, kwa sababu ni uso wake mwenyewe anapogonga jiwe likasikika tupu.

"Simamisha," alisema.

Chhoeun akasimamisha, kando ya handaki la maji, mbele ya daraja la mawe. Sarith akashuka, akaja upande wa mgeni, akainamisha kichwa, viganja pamoja mbele ya kidevu. Akasema kwa Kikhmer:

"Mama Visal. Anayoyasema huyu leo ni uongo. Tumejua jana, ulipokunja yungiyungi. Mke wangu akatufundisha la kusema. Mimi sijaweza."

Mama Phalla akavua miwani. "Na ya siku ya kwanza?"

"Ya siku ya kwanza yalikuwa ya kweli. Nilisema una sura ya simba. Sasa nimekuona, hilo nalifuta. Nilisema wewe ni bahili. Hilo bado naliangalia."

"Mtu mzima na leseni shingoni," alisema mama Phalla, "unamsengenya mwanamke ambaye hujamwona hata mara moja."

"Na wewe, mtu mzima, unajiita Lin."

Wakatazamana. Chhoeun alikuwa ameshika kichwa kwa mikono miwili, akisema taratibu, "Dada ataniua, dada ataniua."

Mama Phalla akasema: "Binti yangu mkubwa nilimwozesha kwa watu waliotabasamu. Walinisifu mbele yangu tangu siku ya kwanza hadi harusi. Miezi mitatu baadaye alirudi nyumbani na mkono umevunjika. Nikaapa wa pili nitawasikia watu wake wakiwa hawanijui."

Sarith akashusha viganja. Akasema, "Basi umetusikia. Yote mabaya tuliyo nayo umeyasikia, hatukubakiza. Binti yangu anamtaka mwanao. Hukumu ni yako, lakini usiibebe hadi Australia. Mwanangu hapati usingizi."

Mama Phalla akatazama minara ng'ambo ya maji. Hakuteremka. Akaiweka miwani mkobani, akaufunga mkoba, akasogea upande mmoja wa kiti ili Sarith apate nafasi ya kukaa naye nyuma.

"Panda, mkwe," akasema. Kisha akamgusa dereva begani, na kwa mara ya kwanza akamsemesha kwa Kikhmer. "Na wewe, mjomba wa bibi harusi, acha kulia. Geuza. Tupitie sokoni kununua tambuu ya posa na ndizi zisizotembea, halafu unipeleke kwa Ravy."

Chhoeun akageuza.