Mfalme wa Kifuu

Asubuhi ile kijiweni Konde, Bakar muuza kahawa kaegemeza simu yake kwenye ndoo ya vikombe, wote wakatazama filamu ya makaragosi: vichwa vya vifuu, nguo za vipande vya kanga. Hadithi ya Wagiriki wa kale: mfalme kakataza maiti ya adui yake isizikwe, na dada wa maiti kamzika kwa siri. Aliyeitengeneza ni Alya, binti Hamood. Hamood mwenyewe alikaa pembeni mwa benchi. Alimfukuza Alya kwa kwenda kwenye maziko ya ami yake, nduguye Hamood aliyegombana naye kwa shamba la mikarafuu. Tangu hapo nyumbani kwake huzungumza redio tu.

— Kwanza maziko yale hayakuswihi! alisema Jaribu, wanayemwita Mufti. Hakukoshwa, hakusaliwa, karushiwa konzi ya mchanga!

— Mufti nawe! Wale Wagiriki, alisema Bakar.

— Na mwanamke anafuata nini makaburini?

— Karagosi yule! Mnanipotezea wakati, alisema Suhail, wanayemwita Ripota. Nisikilizeni mie. Yule mfalme si mtu, jini. Hamwoni hafumbui mdomo?

— Kifuu kitafumbua mdomo, Ripota?

— Ndo ujanja wao!

Walicheka, lakini hakuna aliyethubutu kumtazama Hamood. Yeye macho yake yalikuwa kwenye kofia ya mfalme. Viua vya kofia ile alivishona marehemu mkewe Mwanamize, mama yake Alya. Kofia yake hiyo ilipotea siku Alya alipoondoka, kumbe imekatwa ili ienee kifuu. Roho ilimuuma Hamood, ikamuuma kwelikweli.

Akatokea Hafiz, mgeni kutoka Msuka anayengoja gari, akachungulia simu.

— Samahanini wazee. Huyu mfalme mwisho kabaki na nani?

Ripota akakohoa.

— Peke yake, alisema Hamood.

Wote wakainamia vikombe.

— Bakar, Alya yuko wapi siku hizi?

— Wallahi sijui, Mzee Hamood. Filamu nimerushiwa tu, na aliyenirushia karushiwa.

Hamood akawatazama mmoja mmoja. Hakuna aliyejua.

— Basi irejeshe nyuma, baba. Pale msichana anapomjibu mfalme.

— Umependa maneno yake?

— Sauti ile ya mwanangu, alisema Hamood, akasogea karibu na simu.