Goti la Enock

Jumanne ya tarehe nne Machi mwaka jana, Enock, nyota wetu wa mpira wa kikapu, aliumia goti uwanjani huko Dar es Salaam. Siku hiyohiyo Zefania alimzika mkewe, Yunisi, hapa Misigiri.

Leo Zefania yumo kwenye basi la kutoka Singida. Mbele yake mama mwenye tenga la kuku anaongea na abiria aliyetokea Manyoni.

"Enock kaacha kucheza kimyakimya, hata kuagwa hakuna," alisema yule wa Manyoni. "Viongozi hawana haya!"

"Sisi tulimlilia, kaka. Tulikuwa msibani, mwenyekiti wa kijiji akatoa simu tumwone alivyoanguka."

"Mkamwacha marehemu?"

"Marehemu alikuwa anaenda wapi?"

Wakacheka. Zefania alilionea wivu goti la mtu. Mwenyekiti yule alikosa gari la kumpeleka Yunisi hospitali, lakini bando la kutazamia mpira alikuwa nalo.

Basi likasimama Misigiri. Mama akageuka achukue tenga, akamwona.

"Shikamoo, baba Abraham," alisema, macho chini.

"Marahaba, Theresia. Yale machozi ya siku ile, mlikuwa mnamlilia nani?"