Numa Dépraz na Namba Kumi na Nne

Marehemu Numa Dépraz alizaliwa tarehe 11 Februari 1941 hapa Combe-du-Lac, mtoto wa tatu wa Ulysse Dépraz, fundi saa, na mkewe Berthe. Ziwa lilikuwa limeganda na barabara imezibwa na theluji, kwa hiyo mkunga alivushwa juu ya barafu kwa sleji, chombo cha kuteleza cha kubebea maziwa ya ng'ombe. Alifika amechelewa na amenuna. Berthe alipenda kusimulia kwamba mtoto alisubiri kwa adabu hadi mkunga alipovua glavu.

Alisoma shule ya kijiji, darasa moja lenye jiko moja la kuni, kutoka 1947 hadi 1956. Kisha akapelekwa mjini Lausanne kusomea kazi za ofisi. Alirudi na cheti na kikohozi, akasema kule watu hawasalimiani.

Tarehe 1 Aprili 1967 aliajiriwa kuwa karani wa manispaa yetu, kazi aliyoishika miaka thelathini na tisa. Manispaa ya watu mia tatu na ushee haina makarani wawili. Kura zilikuwa zake, vibali vya mbwa vyake, kuni za msitu wa umma zake, na makaburi pia. Hayo makaburi ndiyo yaliyomchosha. Kwetu kaburi ni la miaka thelathini. Ikiisha, familia hupata barua, jiwe huondolewa, mifupa hubaki pale pale chini, na baadaye safu huanza upya, kila maiti kwa zamu yake, bila kuchagua. Barua hiyo aliitunga Numa mwenyewe, mwaka 1971. Watu walilia mbele ya meza yake, na wengine walimtukana. Mwaka 1994 Bi Josette Golay alikuja kuliombea kaburi la mwanawe mdogo.

"Miaka miwili tu, Numa. Itamdhuru nani?"

"Nikikupa wewe, Josette, jirani yako nitamnyimaje?"

Siku hiyo alirudi nyumbani asile kitu.

Alikuwa amefunga ndoa tarehe 18 Juni 1966 na Odile Cart, binti wa mtengeneza jibini, mwanamke aliyecheka kwa sauti hata kanisani. Mungu aliwajalia binti mmoja, Sylviane. Odile alifariki kwa saratani tarehe 3 Novemba 1988, akazikwa safu ya nne, namba kumi na nne. Siku zake za mwisho alimshika mumewe mkono.

"Usije ukaniacha na wageni kule juu makaburini."

"Sikuachi," Numa alimjibu. Aliahidi hivyo naye ndiye aliyezijua kanuni kuliko mtu yeyote.

Barua ilimfikia mwaka 2019, yeye akiwa mstaafu. Saini ilikuwa ya karani mpya, maneno yalikuwa ya Numa mwenyewe, hata mkato haukubadilishwa. Aliisoma amesimama mlangoni. "Imeandikwa vizuri," alisema, akaikunja. Jiwe la Odile alilishusha mwenyewe kwa toroli, mzee wa miaka sabini na minane, akipumzika mara tatu njiani. Jirani yake, Bi Clémence Lugrin, alimwona kutoka dirishani.

"Numa, mnahama?"

"Tunahama, Clémence. Hebu nifungulie geti."

Jiwe hilo limeegemea banda la kuni hadi leo.

Mwaka 2022 moyo wake ulianza kudhoofika na miguu kujaa maji. Safu ya nne nayo ilikuwa imeanza kuzikwa upya, na mwaka jana ikafikia zamu ya namba kumi na tatu. Numa alibaki na ombi moja tu duniani: namba kumi na nne iwe yake, asije mtu mwingine akalazwa juu ya Odile. Kwa hiyo ilibidi mtu amtangulie na kuchukua kumi na tatu. Mkubwa wa wote kijijini ni Bi Clémence, mwenye miaka tisini na miwili na afya ya kutosha watu wawili. Kila Jumamosi walikutana kwenye duka la mikate.

"Bado upo?" Numa alimuuliza.

"Nipo sana. Tangulia wewe, mimi nina viazi jikoni."

"Nikitangulia mimi, kumi na nne itakuwa yako. Kama huna haraka, basi chagua kuchomwa, kama watu wa siku hizi."

"Nichomwe? Mimi kuni? Nitazikwa mzima mzima, mzee wewe, na hapo hapo unapopataka!"

Walicheka, lakini Numa alirudi nyumbani polepole kuliko alivyokwenda.

Januari hii meya wetu, Loïc Golay, mwana wa Josette, alikaa kando ya kitanda chake.

"Mzee Numa, hiyo kumi na tatu tunairuka. Nani atajua?"

"Utajua wewe, mwanangu. Na mama yako nilimkatalia."

Meya akamtengenezea mto.

Numa alifariki nyumbani kwake Alhamisi, tarehe 6 Februari 2025, saa nne asubuhi. Aliomba supu, asiinywe. "Nimechoka, Sylviane," alisema, "ila zamu si yangu." Amekufa kabla haijafika, na jambo hilo linatuuma.

Ameacha binti yake Sylviane, mkwewe Bertrand, na wajukuu wawili, Maude na Yannick. Ameacha pia jirani yake, Bi Clémence Lugrin. Jana Jumatatu, katika barafu hii, bibi huyo alipanda ngazi za ofisi ya manispaa kwa fimbo yake, akaomba fomu ya kuchomwa akifa. Karani alimuuliza kama ana hakika.

"Andika, binti. Mimi simlalii Odile. Atakayefuata atajijua mwenyewe."

Akatia saini, ingawa moto anauogopa kweli.

Leo, siku ambayo angetimiza miaka themanini na minne, Numa analazwa namba kumi na tatu, ubavuni mwa mkewe. Zamu imefika, apumzike.