Sukari ya Mama Doriane Yagoma Kuganda

Kijiwe chetu kiko Kashojwa, ndani ya kambi ya wakimbizi huku Uganda, pembeni ya njia ya kwenda Base Camp: benchi moja ya mbao ambayo mguu wake wa nne ni jiwe, na jiko la makaa la Mama Doriane. Jina lake hasa ni Constance, mtu wa Uvira kama mimi, lakini ukimwita hivyo kahawa yako itachelewa. Wenye benchi tuko watatu. Gervais tunamwita Diplome, kwa sababu aliwahi kufundisha shule na hajatuacha tusahau. Melchior, Mrundi wa Makamba, ni Intavyu: ameitwa kuhojiwa safari ya Kanada mara tatu, na bado tunaye. Mimi ni Joël, wao wananiita Redio. Uongo mtupu, mimi huwa nasema kidogo.

Wiki hiyo sukari yote ya kijiwe ilikuwa ndani ya chupa. Doriane, binti pekee wa mama yetu wa kahawa, alikuwa anaolewa mjini Mbarara na kijana wa huko anaitwa Ngoga. Mama akaona kwenye simu ya binti jinsi watu wanavyootesha mawe ya sukari nyumbani: unachemsha sukari nyingi na maji kidogo mpaka iyeyuke, unamimina kwenye chupa kubwa ya kioo yenye mdomo mpana, unaning'iniza uzi, unafunika kitambaa, na huigusi chupa siku saba. Uzi unavaa mawe yanayong'aa. Alitaka yakae meza ya maharusi. "Sitaki baseme mama ya bibi harusi alitoka kambini mikono mitupu," alituambia. Akamimina kilo tatu, akiba yake yote, chupa akaiweka kwenye rafu nyuma ya benchi. Sisi akatuomba tuvumilie kahawa bila sukari.

Siku ya saba asubuhi akafunua kitambaa. Uzi ulikuwa mtupu kama kamba ya kiatu.

— Yesu wangu! Hata punje moja? Na harusi imebaki siku tisa!

— Tulia, mama, akasema Diplome, mkono wake juu ya kikombe. Hiyo ni maji. Maji ya bomba ya hapa iko na dawa. Sukari ikisikia dawa inaogopa.

— Nilichemsha!

— Ulichemsha maji, haukuchemsha woga.

Intavyu akatikisa kichwa. Naye kikombe chake alikuwa amekifunika kwa kofia.

— Kosa ni uzi. Mama, uzi ulitoa wapi?

— Kwa gunia ya posho ya mgao.

— Si unaona! Uzi wa gunia la posho umezoea kugawa. Toka lini ukakusanya? Wahenga walisema, mtaka cha uvunguni sharti ainame. Sukari iko chini, uzi umesimama wima, una kiburi.

— Na wahenga hao hao, akadakia Diplome, walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Huu uzi umekaa siku saba bila kazi!

Mimi nilikuwa nimenyamaza, lakini ujinga ukizidi mtu unasema. Nikawaambia shida ni ngoma za kwaya. Kwaya ya jirani inafanya mazoezi kila jioni, ardhi inatetemeka, sukari inataka kushika uzi, inashtuka, inaachia.

— Redio, hiyo ni ya watoto, akasema Diplome. Hapa Uganda inapita Ikweta. Chupa iko karibu na laini. Sukari haijui igande upande wa kaskazini ao wa kusini.

— Mbona ugali unaganda? nikamuuliza.

— Ugali hauna akili.

— Wote mnapotea, akasema Intavyu. Sukari ni ya Uganda, chupa ni ya mkimbizi. Itashikaje uzi kabla haijaandikishwa? Inasubiri kuitwa. Mimi najua mtu anayesubiri anavyokaa. Anakaa hivyo hivyo, ameyeyuka.

Tulicheka mpaka benchi ikalegea kwenye jiwe lake. Mama Doriane hakucheka. Alikuwa ameshika ule uzi kwa vidole viwili, unadondosha maji.

— Na kuko kitu ingine, akasema polepole. Juzi Eugénie alipita hapa, akaangalia chupa mingi, akasema, 'Itatoka muzuri.' Mutu akisifu kitu haijatoka, iko na nia gani?

Eugénie ni jirani yake, mjane, mlango kwa mlango.

— Jicho! akasema Diplome haraka mno. Jicho la mtu ni kitu kibaya.

— Tangu siku ile simusalimii, akasema mama. Leo nitaenda kumuuliza mbele ya batu.

Hapo nilitakiwa kusema kitu. Nakiri. Nilikunywa kahawa.

— Lakini nyinyi Mungu abariki nyinyi, akatuambia. Wiki muzima munakunywa kahawa chungu, hakuna hata mumoja alinung'unika. Nyinyi, benye kunung'unikia mpaka mvua!

Diplome akakohoa. Intavyu akaangalia barabara kama anayetarajia basi.

Boda ikasimama. Akashuka mzee mrefu, kifua mbele, viatu vinang'aa pamoja na vumbi lote la kutoka Rwekubo. Alikuwa Ezira, baba mdogo wa Ngoga, mwanajeshi mstaafu anayekaa karibu na kambi ya jeshi ya Makenke, Mbarara.

— Jambo, wazee. Mama, mimi natumwa na familia. Wanataka kujua, upande ya bibi harusi nyinyi mnakuja watu ngapi? Sisi tuko mia moja na ishirini.

Mama Doriane akapangusa mikono kwenye kitenge, kisha akaipangusa tena. Ndugu zake wawili walibaki njiani mwaka ule tulipokimbia, na wa tatu yuko Kanada. Hapa ana Doriane tu.

— Kunywa kwanza kahawa, baba. Hesabu nitakupa.

— Asante. Iko na sukari?

— Hapana, utusamehe. Wiki hii kijiwe kizima hakuna sukari.

Ezira akanywa, uso wake ukajikunja, lakini askari hatemi. Akaweka kikombe kwenye benchi, katikati yetu. Akakiangalia. Halafu akaangalia kofia ya Intavyu, kiganja cha Diplome, kiganja changu.

— Mimi nauliza kitu moja tu. Kikombe yangu, nzi hapana. Kikombe ya hawa wazee, nzi mingi, na nyuki moja. Kwa nini?

Diplome alifungua mdomo, na nilijua anatafuta methali, lakini zote zilikuwa zimemkimbia. Nyuki alitua juu ya kofia ya Intavyu akaanza kutembea.

Mama Doriane alikuja kwangu kwanza. Akauinua mkono wangu kwa upole, akachukua kikombe, akaonja.

— Joël.

Hakusema Redio. Hapo ndipo niliposikia aibu hasa.

— Mi nilichota kijiko kimoja tu kwa siku, nikasema. Na nilirudisha maji, ili usione imepungua.

— Hata mimi nilirudisha maji! akasema Intavyu.

— Mimi nilidhani ni mimi peke yangu, akasema Diplome.

Vijiko vitatu kwa siku, siku saba, na maji ya watu watatu waaminifu. Haba na haba tulikijaza kibaba, ila kwa maji. Uzi ungevaa nini?

Mama Doriane alikaa kwenye benchi yetu, jambo ambalo hajawahi kufanya. Machozi yalimtoka, hakuyafuta.

— Eugénie nilimunyima salamu, akasema. Mutu ya batu, bila kosa.

Kisha akasimama, akamimina ile chupa kwenye sufuria, akaiweka jikoni.

— Kila mutu aende kwake, alete kilo moja. Na bibi yake akimuuliza ni ya nini, amwambie kweli. Muanze kwa Eugénie.

Kwa Eugénie tulikwenda tumeinamisha vichwa. Alitusikiliza mpaka mwisho, akasema kumbe ndiyo maana hakusalimiwa, akachukua kitenge chake. Nyumbani ilikuwa ngumu zaidi. Mke wangu Mariette ana swali fupi kama la Ezira.

— Kwani Mama Doriane hana sukari yake?

— Imeisha.

— Nani aliimaliza?

Nilichota kilo, nikafunga fundo, nikatoka. Mariette nyuma yangu, anaongea. Njiani nikamwona Diplome na fuko lake, na mkewe Adélaïde nyuma yake, anaongea. Intavyu alikuwa na mkewe na mama mkwe.

Tulipofika Ezira alikuwa bado amekaa, kikombe chake kitupu. Wanawake walimzunguka mama yetu, Eugénie akiwa mbele kabisa, mmoja akachukua mwiko, mwingine akachomoa uzi mpya, wa pamba safari hii. Chupa ilikwenda kukaa nyumbani kwa Eugénie, ndani, chini ya kitanda. Ezira akatoa karatasi na kalamu.

— Sasa mama, upande ya bibi harusi niandike ngapi?

Mama Doriane alituangalia mmoja mmoja, sisi, wenye kuongea nyuma yetu, na Eugénie. Alihesabu kwa vidole, akianza na yeye mwenyewe, vidole vikakaribia kumwishia.

— Andika tisa, akasema. Lakini hawa banaume batatu, mubakalishe mbali na meza ya sukari.