Kidonge Kimoja Kimoja

Kijiwe chenyewe ni gogo la mbao juu ya matofali, chini ya kibaraza cha duka lililofungwa, na mbele yake ndilo lango la hospitali. Nani kaingia, nani katoka, wenye gogo wanamwona, na hakuna anayepita bila kusemwa. Wana desturi yao moja: ukilalamika mgongo pale hupewi pole, unapewa kidonge. Asubuhi hiyo muuza kahawa wao hakuwepo. Alikuwa wodini, siku ya tatu tangu ajifungue mtoto wa kike. Birika kalishika mama yake, Bibi, ambaye alikuwa katoka kumwona mjukuu akitetemeka kama kifaranga aliyenyeshewa. Kuuza kahawa hakujui. Alikuja kusikiliza.

— Mtoto vipi, Bi Mkubwa? aliuliza Jaji. Ujaji wake ni wa kufagia mahakama miaka ishirini.

— Analia. Kisauti chembamba, kama bawaba isiyotiwa mafuta. Ziwa analishika, analiachia. Chafya haziishi. Jasho linamtoka, na wodi ina baridi.

— Njaa hiyo, alisema Spana, fundi baiskeli. Mama mwembamba maziwa yake maji. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji.

— Nani kamsifu hapo?

— Nasema tu.

Gia, dereva wa malori aliyestaafu na mgongo wake, alitikisa kichwa. Kahawa ikamdondokea gotini.

— Njaa wapi. Mama yake kabeba birika la moto karibu na tumbo miezi yote hiyo. Mtoto kazoea joto, katoka kakuta baridi. Hata injini ukiizima ghafla inatetemeka.

— Na chafya? aliuliza Bibi.

— Moshi wa mkaa. Umembakia kifuani.

Naye akapiga chafya mbili.

— Nyie hamjui kitu, alisema Jaji. Ni ule mnara wa simu. Wodi ya wazazi inautazama uso kwa uso. Mtoto hana hata jina, kashapitiwa na maongezi ya mji mzima, ya wakopaji, ya wazinzi. Wewe ungetulia? Asiyesikia la mkuu huvunjika guu.

— Mkuu gani, mnara?

— Fungua akili, Spana.

Bibi alimmiminia nusu kikombe.

— Binti yangu alikuwa na mgongo, alisema.

— Mimba zote zina mgongo, Gia alidakia.

— Wa huyu ulipona. Mwezi wa tano hainuki kitandani. Mwezi wa sita anakimbia na birika kutwa. Namuuliza, ananiambia wazee wa kijiweni wana huruma.

— Utu tu, alisema Jaji. Mchumia juani hulia kivulini.

— Mbona kila mtu anajibu? Sijauliza kitu bado.

Bibi ameamua ugomvi wa ukoo mzima, wa mipaka, wa talaka, wa kuku aliyetagia kwa jirani. Mtu anayejibu kabla ya swali anamjua kwa harufu.

Hapo muuguzi akavuka barabara, mikono bado ina maji. Hakukaa.

— Shikamooni.

— Marahaba.

— Bibi, nimekufuata wewe, ila nadhani jibu liko hapa. Mtoto, tangu tumboni mwa mama, mwili wake ulizoea dawa kali ya maumivu. Kitovu kimekatwa, dawa nayo imekatika, sasa mwili unaililia. Tunamtuliza, tuna matumaini. Lakini daktari hataki kubahatisha. Mama anasema alipewa hapa, mkononi, bila pakiti. Waliompa kagoma kuwataja. Ni dawa gani, na vidonge vingapi kwa siku?

Jaji alipuliza kikombe kisicho na kitu. Spana alishika gurudumu la baiskeli ya mteja akalizungusha, linazunguka vizuri tu.

— Mimi kimoja, alisema mwishowe. Asubuhi.

— Kimoja siku moja?

— Kila siku. Lakini kimoja.

— Na mimi kimoja, alisema Jaji. Mchana. Kutoa ni moyo.

— Na jioni? aliuliza Bibi.

Gia alitazama lango.

— Jina la dawa, wazee wangu, alisema muuguzi.

— Sisi tunaviita vya mgongo, alisema Spana. Vya kijani na njano. Gia ndiye anayevileta.

— Miezi minne mnamlisha mwanangu kitu, jina lake hamlijui, alisema Bibi. Mnara mnaujua. Injini mnaijua. Yeye kafungwa mdomo na aibu yenu, anawaficha, nyie mko hapa mnamsema maziwa.

Gia alipiga chafya tena. Kikombe kilimchezea mkononi, na jasho lilimshuka shingoni asubuhi ile ya baridi. Muuguzi akachuchumaa mbele yake.

— Mzee, wewe umeacha lini kumeza?

Spana akarudi kwenye gurudumu, Jaji kwenye kikombe. Watu wenye nadharia ya kila kitu.

— Aliacha aliposikia mtoto anatetemeka, alisema Bibi. Kutetemeka sikukutaja mimi, kakutaja yeye; alijua tangu juzi. Akaniletea habari za moshi.

Akamtia Gia mkono kwenye mfuko wa shati, akatoa kipande cha pakiti kilichokunjwa, akampa muuguzi. Muuguzi alisoma jina, akamshika Gia kiwiko.

— Twende wote, mzee. Na wewe uonwe.

Walivuka taratibu. Jaji akanyoosha kikombe.

— Imebaki, Bi Mkubwa?

Bibi aliinamisha birika juu ya mkaa mpaka tone la mwisho. Moshi ukawaingia machoni. Akajishika kiuno.

— Mgongo unaniuma, alisema.

Akasubiri. Hakuna aliyetia mkono mfukoni.