Valence wa Jarida la Peupe

Marehemu Valence Otto Mapunda alizaliwa Madaba tarehe 14 Februari 1956, mtoto wa tatu wa Mzee Otto na Mama Ida. Alizaliwa njiani, mama akielekea zahanati, na tangu siku hiyo hakujua kutulia.

Alisoma shule ya misheni, kisha sekondari, akamaliza mwaka 1974. Akiwa bwenini aliandika ubaoni kwamba maharage yana wadudu, akachapwa viboko. Kesho yake akaandika habari za viboko.

Alifundisha Namtumbo hadi 1992. Magazeti ya watu binafsi yaliporuhusiwa, aliacha ualimu akaanzisha jarida la Peupe katika chumba kimoja mtaa wa Majengo, hapa Songea. Mke wake Rosemary, aliyefunga naye ndoa tarehe 9 Juni 1984, alivumilia mengi.

Mwaka 1994 lori lilipinduka barabara ya Njombe. Jalada la Peupe lilitoka na picha ya Mama Ludovika akimlilia mwanawe aliyefia hapo, kanga imemdondoka, kifua wazi. Nakala ziliisha siku hiyo hiyo. Valence akashtakiwa kwa kuchapisha picha ya aibu. Wakili wake alidai ajali ilikuwa hadharani, na wananchi walikuwa na haki ya kujua kwamba malori mabovu yanaua. Mahakama ikamwachia. Sisi tulishangilia, yeye hakula. Aliniambia mimi, dada yake Lidwina, “Dada, sheria imeniachia, lakini yule mama sikumuuliza.”

Alikwenda kumwomba radhi, akafungiwa mlango. Akarudi tena na tena, hadi nikamgombeza kwamba anamsumbua mfiwa. Hakunisikiliza.

Aliugua figo tangu Agosti 1997, akafariki Jumanne tarehe 6 Oktoba 1998, hapa Songea. Aliagiza kwamba katika mazishi yake asipigwe picha mtu anayelia. Ndugu Bartolomeo uliyekuja na kamera, na waandishi wote wenzake Valence, tunawaomba mfunge kamera.

Ameacha mama mzazi, mjane, watoto wawili, Daudi na Devota, na sisi ndugu zake ambao alituchosha na bado tunamtaka.

Jana Mama Ludovika alifika msibani Bombambili. Nilimwamkia shikamoo, nikamshukuru. Akasema, “Nimekuja kuzika, mwanangu. Kusamehe bado.” Nilimwomba ruhusa niyaandike maneno hayo, akakubali. Picha amekataa.

Valence, mdogo wangu, sasa tulia. Mungu akupumzishe kwa amani.